Kiapo cha Sauti ya Vuria

Alexander Mghendi hakuwa mtu wa kutaka makuu. Alivaa shati moja la kazi na moja la kanisa, na kazini kwake, ofisi ya mizigo katika stesheni ya Voi, hakuna aliyewahi kumsikia akigombea cheo. Lakini kulikuwa na jambo moja ambalo hakulivumilia hata kidogo, nalo lilianza mwaka wa 1964.

Mwaka huo alipanda treni na gitaa lake mpaka Nairobi. Kampuni moja ya santuri ilimwita aimbe nyimbo mbili alizozitunga mwenyewe. Akaimba, akapewa soda na nauli, akarudi kazini. Miezi ikapita. Siku moja, akipita mbele ya duka la redio pale Voi, alisikia sauti yake ikitoka ndani. Aliingia haraka, akaomba kuishika ile santuri. Pale panapoandikwa mtunzi palikuwa na jina la mtu mwingine, msimamizi wa studio, mtu ambaye hata gitaa hakujua kulishika.

Mteja mmoja aliyekuwa ameegemea kaunta alitikisa kichwa kwa raha. "Huyu anaimba! Ni nani huyu?"

"Sijui," mwenye duka akajibu. "Ni watu wa Nairobi hao." Kisha akamgeukia Alexander. "Unanunua, ama unaishika tu?"

Alexander akairudisha, akatoka.

Wengine wangelalamika baa kwa wiki mbili, kisha wakasahau. Yeye alikaa na jambo hilo miaka mitano. Mwaka wa 1969 alikodi stoo nyuma ya duka la nafaka, karibu na reli, akanunua mashine ya kunasia sauti kutoka kwa mmishenari mmoja aliyekuwa akiondoka Wundanyi. Kuta alizifunika kwa magunia yaliyoshindiliwa makapi ya mkonge, maana mkonge ndio uliokuwa mwingi na rahisi kupatikana upande huo. Chumba kilinuka kama kamba mpya. Kampuni yake akaiita Sauti ya Vuria, kwa jina la mlima ule mrefu kuliko yote ya Taita, na katika karatasi ya katikati ya santuri akachora kilele chake kwa wino wa bluu.

Kazi ilifanywa kati ya treni na treni. Elijah Mwakisha, rafiki yake wa stesheni na mpiga besi, ndiye aliyejua ni ipi imechelewa na ipi iko njiani. Alikuwa akichungulia mlangoni na kusema, "Tuna nafasi ya wimbo mmoja, msipoleta mchezo," na watu wakajifuta jasho na kuanza. Bati la paa likipata moto lililia kama linakanyagwa, kwa hiyo nyimbo nyingi za Sauti ya Vuria ziliimbwa asubuhi, kabla jua halijapanda.

Wakesho, mke wa Alexander na mama wa mtoto wao Wakio, alikuwa fundi wa nguo, na cherehani yake ilikaa kwenye baraza ya stoo ile. Mikono yake ilikuwa haitetemeki. Mumewe alipogundua kwamba yeye mwenyewe akishika wembe anaiharibu kanda, alimwachia mkewe kazi ya kukata na kuunganisha. Wakesho alikata kwa utulivu ule ule aliokatia kola za mashati ya shule.

Lakini si magunia ya mkonge wala mikono ya Wakesho iliyoipa studio ile jina. Ni kiapo.

Kule milimani, mtu aliyedai shamba au mfereji wa maji hakudai akiwa nyumbani kwake. Alisimama pale pale penye mpaka, akataja jina lake na la babake, akasema mbele ya ndugu zake: hiki ni changu. Alexander alimwona babu yake akifanya hivyo, akaona kwamba wimbo nao ni mali kama mfereji. Kwa hiyo kabla ya wimbo wowote kunaswa, mashine ikiwa tayari inazunguka, mwenye wimbo alisimama peke yake mbele ya maikrofoni, wenzake wakisikiliza. Alijitaja, akataja na kwao, kisha akasema: "Wimbo huu nimeutunga mimi. Sikuuchukua kwa mtu." Kama aliufunzwa, alimtaja aliyemfunza, na jina hilo ndilo lililoandikwa kwenye santuri. Baadaye Wakesho alikata kipande hicho cha kanda na kukiweka kando, na wimbo ukapelekwa Nairobi kwa treni ukachapwe santuri.

Vijana walicheka mwanzoni. "Hii ni studio ama ni korti?" Lakini wakaja. Wakaja kutoka Mwatate, kutoka Taveta, hata Mombasa, kwa sababu ilijulikana kwamba Voi kuna mtu asiyekula jina la mwenzake.

Mwaka wa 1972 alikuja Danson Mwang'ombe, kijana mwenye vidole vyepesi kuliko vyote vilivyowahi kuingia chumba kile. Akaapa, akaimba, kila mtu akapiga makofi. Siku chache baadaye ikajulikana kwamba kiitikio cha wimbo ule kilikuwa cha mzee mmoja wa Taveta aliyekuwa amelazwa hospitali, hajiwezi. Alexander aliwaita wanamuziki wote. Akakichukua kile kipande cha kanda chenye kiapo cha Danson, akakicheza mbele yao. Sauti ya kijana ikasema tena, wazi kabisa, kwamba hakuuchukua kwa mtu.

"Hapa hutaimba tena," Alexander akamwambia. "Wala hutapiga gitaa."

"Mzee, ni kiitikio tu!"

"Kwa hivyo ulichukua kidogo. Mwizi wa kuku mmoja anaitwaje?"

Danson alibeba gitaa lake akaenda. Elijah aliona hukumu ilikuwa nzito mno kwa kijana wa umri ule, akasema hivyo. Alexander akamjibu kwamba uzito wake ndio faida yake. Na tangu siku hiyo, ukweli usemwe, watu walisimama mbele ya maikrofoni ile wima zaidi.

Mambo yakaenda hivyo mpaka ukame wa katikati ya miaka ya sabini. Santuri za Nairobi na za Zaire zilijaa madukani, za Sauti ya Vuria zikabaki rafuni zikiliwa na vumbi. Elijah hakuacha kulisema. "Nyimbo zetu ni za kusikiliza umekaa, bwana. Watu wanataka kusimama." Mwenye stoo naye alianza kupita pita akikiangalia chumba kama mtu anayepima mahali pa kuweka mahindi. Alexander aliona wazi kwamba bila wimbo mmoja wa kuchezwa, studio ingefungwa.

Wakati huo walialikwa kupiga muziki kwenye harusi Taveta. Walipokuwa wakirudi, lori liliharibika Mraru, wakakaa kando ya barabara tangu asubuhi mpaka jua likageuka. Karibu na hapo aliishi mama mmoja wa Kikamba aliyeitwa Kalondu, aliyeuza maziwa ya kibuyu kwa wasafiri. Aliwakaribisha kivulini, yeye akaendelea kupepeta mtama wake huku akiimba. Wimbo wenyewe ulikuwa mfupi, unapanda mara mbili na kuanguka ghafla, na ungo wake uliufuata. Wakesho akamwuliza ni wimbo gani. Kalondu akacheka, akasema ni wa kupepetea tu, bila wimbo mtama hautoki makapi. Alexander alikuwa amekaa hatua chache tu kutoka hapo, kibuyu mkononi. Hakuuliza kitu. Lakini mguu wake ulikuwa ukigonga ardhi.

Nyumbani aliuhamishia wimbo ule kwenye gitaa. Akauongezea mwendo, akaweka maneno ya Kiswahili juu ya msichana anayengoja treni. Alipomaliza, alijiambia kwamba maneno ni yake, gitaa ni lake, na mwendo ni wake. Hayo yote yalikuwa kweli. Ndiyo njia ya mtu mwaminifu anapoanza kuiba: huhesabu vilivyo vyake, asiguse kile kisicho chake.

Siku ya kunasa, kila mmoja alikuwa mahali pake. Elijah, aliyekuwa amelala ndani ya lori lile siku nzima ya Mraru na hakusikia lolote, alisema kwa mazoea tu, "Haya, bwana, kiapo."

Hapo Alexander alikuwa na nafasi. Angesema, "Nimeutoa kwa Kalondu wa Mraru," na kazi ingeendelea vile vile. Lakini aliiona karatasi ya santuri akilini, kilele cha Vuria kwa wino wa bluu, na jina la mwanamke wa maziwa chini yake, na wimbo wa kuokoa studio ukiwa si wake. Alisimama.

"Mimi Alexander Mghendi, mwana wa Mwadime, wa Wundanyi. Wimbo huu nimeutunga mimi. Sikuuchukua kwa mtu."

Wakesho alikuwa kwenye mashine, akiangalia kanda ikizunguka. Aliinua macho, akamtazama mumewe, kisha akayarudisha kwenye kanda. Wakaimba, na wakaimba vizuri.

Jioni Alexander akamwambia, "Mama Wakio, ukate kama kawaida. Kesho iende na treni."

"Nimesikia," akasema Wakesho.

Santuri zilirudi baada ya wiki kadhaa. Masanduku mengine yalikuwa yameshatumwa moja kwa moja madukani Mombasa na Taveta. Alexander alifungua sanduku lake, akaweka santuri kwenye gramafoni, akakaa kusikiliza gitaa lake likifungua wimbo. Halikufungua gitaa. Ilifungua sauti yake: Mimi Alexander Mghendi, mwana wa Mwadime.

Aliinua sindano. Akaishusha tena, kana kwamba mara ya pili ingesema lingine. Kisha akatoka barazani, mahali mkewe alipokuwa akishona.

"Mama Wakio, hukukata."

"Sikukata."

"Ulisahau?"

"Nimewahi kusahau?"

Cherehani ilienda mpaka mwisho wa mshono. Wakesho akakata uzi kwa meno.

"Ungeniambia," Alexander akasema.

"Nikuambie nini ambacho hukijui? Nilimwuliza yule mama wimbo wake mbele yako, unakunywa maziwa yake. Ulipoapa ulijua nipo. Nikaona, kama Baba Wakio ameweza kuyasema mbele yangu, basi si maneno ya kufichwa. Wacha kila mtu ayasikie."

Wimbo ulipendwa kuliko zote zilizowahi kutolewa na Sauti ya Vuria. Ulichezwa kwenye kila baa kutoka Mtito mpaka mpakani, na rafu zikawa tupu. Elijah aliyekuwa na hofu ya yale maneno ya mwanzo alianza kucheka. "Wanadhani ni mtindo mpya! Wanayangojea!" Ni kweli waliyangojea. Walevi waliyajua kwa moyo. Mtu akinyanyua chupa ya jirani yake, alisimama wima, mkono kifuani, akasema kwa sauti ya kanisani, "Sikuuchukua kwa mtu!" na baa nzima ikaanguka kwa kicheko. Kiapo kilichotolewa penye mpaka wa shamba la babu kilikuwa kimegeuka mzaha wa kuombea bia.

Alexander aliyasikia hayo akiwa njiani kutoka kazini. Akapita. Pesa za kodi zilikuwa zimepatikana.

Kisha Danson akaja. Hakuingia, alisimama kizingitini, kofia mkononi, kwa adabu iliyozidi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba."

"Sikai. Nimetoka Mraru, na santuri yako imefika huko. Kalondu anakusalimu sana. Anasema hakujua kama ana ndugu Wundanyi aliyezaliwa tumbo moja na yeye, akafunzwa nyimbo zile zile."

Alexander akasogea karibu na mlango.

"Mimi kanda yangu uliicheza mbele ya watu wote," Danson akaendelea, na sasa adabu ilikuwa imekwisha. "Yako ataicheza nani, mzee?"

"Yangu inachezwa kila baa," akasema Alexander.

Danson alikuwa amejiandaa kwa hasira, si kwa jibu lile. Akavaa kofia yake, akaenda.

Jumamosi iliyofuata Alexander alishuka Mraru peke yake. Alikuwa ameyapanga maneno yake tangu Voi, lakini Kalondu alimwona kutoka mbali.

"Karibu, mwenye wimbo!" akaita, na wanawake wawili waliokuwa naye wakaziba midomo kwa leso. "Leo umekuja kuchukua upi? Nina wa kukamua ng'ombe pia."

"Mama, nimekuja kuomba radhi."

"Radhi ya wimbo?" Kalondu akapangusa mikono. "Ungeuliza, ningekupa, na maziwa juu yake. Nani ananyima mtu wimbo? Wasafiri wangapi wamepita hapa wakiimba zangu! Lakini wewe ulisema hukuuchukua kwa mtu. Mwanangu alinirudia maneno hayo mara mbili nikadhani anakosea. Sasa mimi niliyekukalisha kivulini ni nini, kama si mtu?"

Alexander alikuwa ameandaa jibu la mali, naye aliulizwa swali la utu.

"Ninaweza kuandika jina lako," akasema mwishoni.

"Mimi sisomi. Jina litanisaidia nini kwenye karatasi? Wewe ulisema kwa mdomo. Mimi pia nitasema kwa mdomo, mahali pale pale uliposema wewe."

Kalondu akaja Voi na basi la Jumatatu, amevaa nguo yake nzuri, ungo chini ya kwapa. Alexander alikuwa amewaita wanamuziki wote, na alikuwa amemtumia Danson ujumbe naye aje. Danson alikuja, akakaa barazani karibu na dirisha, ndani hakutaka kuingia. Alexander akaweka santuri, akaacha maneno ya mwanzo yasikike, akainua sindano kabla ya gitaa. Safari hii hakuna aliyecheka.

"Huo ni uongo," akasema. "Wimbo niliusikia Mraru kwa mama huyu. Nimewaandikia wa Nairobi wasichape nyingine. Na sheria ya hapa mnaijua. Sitaimba tena katika chumba hiki, wala sitapiga gitaa."

Wakatazamana. Elijah akakohoa. "Bwana, lakini studio ni yako."

"Ndiyo sababu."

"Watu wanaulizia wewe! Tukikutoa wewe tunabaki na nini?"

"Mnabaki na mashine. Nitaiendesha."

Wakesho alikuwa amesimama karibu na mlango. Ni yeye aliyeuacha uongo utoke, na labda hakutegemea ungefika hapo. "Baba Wakio," akasema polepole, "mimi nilitaka useme kweli. Sikutaka unyamaze."

"Najua. Lakini Danson sikumwuliza alitaka nini."

Kutoka dirishani Danson akaita, "Kwa hivyo mimi nimesamehewa?"

"Hapana."

"Hata leo?"

"Leo hata zaidi. Nikikurudisha wewe, nitakuwa nimejirudisha mwenyewe."

Danson alitukana kwa Kidawida, lugha ya kwao, tusi fupi. Lakini hakuondoka.

Kalondu akasimama mbele ya maikrofoni. Akajitaja, akataja kwao. "Wimbo huu sikuutunga," akasema. "Nilifunzwa na mama yangu, Katunge, tukipepeta. Yeye aliutoa kwa nani, sikumwuliza, na sasa amekufa." Kisha akaimba bila gitaa, akiupiga ungo kwa kiganja. Alipomaliza, Alexander alisimamisha mashine, na Wakesho hakuulizwa kama atakata. Yale maneno yaliachwa mwanzoni, na santuri ile ikatoka hivyo.

Haikununuliwa sana. Wateja walirudi dukani wakiulizia ile nyingine, ya mzaha, ya kucheza, wakaambiwa imekwisha na haitachapwa. Mwenye stoo akaanza tena kupita pita. Elijah alikaa miaka miwili, kisha akahamia bendi moja ya hoteli Mombasa. Hawakugombana, ila hakuelewa kamwe, na hata uzeeni alipenda kusema kwamba rafiki yake alijifungia nje ya nyumba yake mwenyewe kwa kiburi. Huenda kulikuwa na kiburi. Mtu mgumu kwa wenzake huwa na kiburi, na pengine njia pekee ya kukipunguza ni kuwa mgumu vile vile kwa nafsi yake. Watu wengi huanza kuelewa huruma siku ile sheria inapowafikia wao. Alexander hakutaka kuielewa kwa njia hiyo.

Sauti ya Vuria iliendelea kwa kuchechemea mpaka mwaka wa 1983, wakati kaseti za kunakiliwa zilipouzwa kila kituo cha basi na hakuna aliyehitaji tena santuri. Katika miaka yote hiyo mwenye kampuni alikaa kwenye mashine. Wageni waliokuwa wamesikia habari za gitaa lake walimwomba apige kidogo tu, awaonyeshe. Kijana mmoja wa Taveta alifika na gitaa lililolegea nyuzi kwa safari, akashindwa kulipatanisha, jasho likimtoka, na treni ikikaribia. Alexander akalichukua, akatoka nalo barazani. Akalipatanisha uzi kwa uzi, taratibu, sikio likiwa karibu na mbao, na alipofika uzi wa mwisho kidole chake kilikaa juu yake kwa muda. Kisha akampa kijana mlangoni.

"Ingia wewe," akamwambia. "Na ukumbuke kusema umeutoa wapi."